Brashi iandike jina, tarehe tuiache wazi

Mwezi uliopita tuliombwa kutengeneza bango la zoezi la kuhakiki kadi za familia, nasi tukajitosa. Kwenye simu tulichagua zile herufi za mtindo wa zamani zinazofanana na mwandiko wa brashi, zenye mikia na mikunjo, tukaandika kila kitu nazo: kichwa, mahali, tarehe, saa. Jamani, lilipendeza! Watu walilipiga picha. Halafu mama mmoja wa zoni yetu akaja tarehe 17, kumbe zamu ya familia yake ilikuwa tarehe 11. Ile 1 ya mwisho ilikuwa na kofia ndefu, akaisoma 7. Akaambiwa asubiri awamu nyingine.

Hatuwezi kumlaumu mama. Kosa ni letu.

Lakini wanaosema fonti za brashi zifutwe kabisa, hapo hatuelewani. Sisi tuliotoka Uvira na Bukavu tumekua tukiona maandishi kama hayo kwenye kibao cha kinyozi, ubavuni mwa gari, ukutani mwa duka. Fundi anachovya brashi kwenye rangi, anavuta jina mara moja bila kufuta. Chéri Samba, mchoraji maarufu wa Kongo, alianzia huko huko, kuandika vibao Kinshasa, kabla ya kufungua karakana yake 1975. Ndiyo maana fonti hizi zinatukumbusha nyumbani. Ni kweli, ile inayojulikana sana, Brush Script, ilichorwa na Mmarekani, Robert E. Smith, mwaka 1942. Na iwe hivyo, brashi haina pasipoti.

Shida ni kazi tunayozipa. Herufi hizi zilichorwa zishikane, mkia wa moja uingie kwenye inayofuata. Ukiandika herufi kubwa tupu, kila moja inarusha mkono upande wake, neno halisomeki. Ukizibana zienee kwenye A4, sehemu nyembamba zinapotea kwenye fotokopi. Picha ikishapita WhatsApp mara tatu, a na o ni mapacha. Fonti nyingine za bure hazina hata é, ukiandika réfugié kinatokea kisanduku. Na wapo wazee waliojifunza kusoma ukubwani, kwa herufi za kuchapwa.

Siku hizi brashi tunaipa jina tu, maneno mawili matatu, makubwa. Tarehe, saa na namba ya simu tunaweka herufi nene za kawaida. Kabla ya kuchapisha tunamwita mtu asiyejua habari yenyewe, anasimama hatua kumi, anasoma kwa sauti.

Na ninyi ndugu zetu wa mashirika, msicheke sana. Matangazo yenu yanasomeka, sawa, lakini nani anasimama kuyaangalia? Karatasi nyeupe, mistari ishirini, nembo sita chini. Mafundi wa vibao wapo humu humu kambini, wale wanaoandika saluni na vibanda vya chipsi. Mlipeni mmoja achore kichwa cha tangazo kwa brashi ya kweli, sisi tutapanga tarehe chini yake.

Bango la mechi ya Jumamosi tumeshalibandika karibu na bomba la maji. Yule mama alikuwa wa kwanza kulisoma. Akasema saa ya kuanza tumeiandika ndogo mno. Tunalichapa upya.