Kitalu cha Samaki wa Lamu

Mkulima hodari hali mbegu yake, hata njaa ikiwa kali. Neno hili lawafaa pia wavuvi wa visiwa vya Lamu, kwa maana bahari nayo ina kitalu chake, nacho ni mikoko.

Maji yakijaa huingia katika hori ya Dodori na mkondo wa Mkanda, yakapita kati ya mizizi ya mikoko. Hapo vifaranga vya samaki hupata maficho na chakula. Mwatiko huzaliwa bahari kuu, kisha watoto wake huingia horini kukua. Mkizi hufanya vivyo hivyo. Chewa wadogo nao hujificha humo mpaka wapate nguvu za kwenda miambani. Basi samaki avuliwaye mbali huenda alilelewa chini ya mti ambao mvuvi hakuujali.

Zaidi ya nusu ya mikoko yote ya Kenya iko Lamu. Boriti zake zilipakiwa majahazini kwenda Arabuni miaka mingi, mpaka Serikali ilipokataza kuziuza ng'ambo mwaka 1982. Mwaka 2001 ilikatazwa juya pia, kwa kuwa hukokotwa chini, likazoa wakubwa na wadogo pamoja na kung'oa majani ya baharini.

Ni kweli kwamba mwenye watoto wenye njaa huona sheria hiyo nzito. Lakini azoaye vifaranga leo amekula mbegu ya mwakani, na samaki mmoja aliyeachwa akomae hutaga mayai maelfu kwa maelfu.

Mwaka 2018 Mahakama Kuu ya Malindi iliamuru wavuvi wapatao 4,600 wa Lamu walipwe shilingi 1,760,000,000 kwa hasara iliyoletwa na ujenzi wa bandari mpya. Hukumu ile ilionyesha kwamba maji ya uvuvi yana thamani, na wayategemeao wana haki. Lakini mwenye haki ana wajibu pia. Wale waliowashitaki wengine kwa kuharibu bahari, watasema nini wakiiharibu kwa mikono yao wenyewe?

Tangu kanuni za mwaka 2007, wavuvi wana vyama vyao vya kusimamia fuo. Ulinzi wa kitalu hicho, basi, umo mikononi mwao. Akiba ya baharini haina kufuli ila dhamiri ya mvuvi.