Nyota ya Kubuni Yatufaa Nini?



Yako maneno yasemwayo na wazazi wengi, hata na baadhi ya walimu, kwamba mwanafunzi asomaye hadithi za dunia zisizokuwapo anapoteza wakati wake na fedha za baba yake. Husema, "Mtoto ameletwa shuleni kujifunza mambo ya kweli. Nyota isiyokuwapo mbinguni itamfaa nini?" Swali hilo ni la haki, nalo lastahili jibu. Mimi naona kwamba nyota ya kubuni, ikiwa imebuniwa vema, humrudisha msomaji kwenye mambo ya kweli, tena akiwa na hamu ya kuyachungua. Nitatoa mfano mmoja tu.

Bwana J. R. R. Tolkien alizaliwa Bloemfontein, Afrika ya Kusini, mwaka 1892. Wazazi wake walikuwa Waingereza, naye alipelekwa Uingereza angali mtoto mdogo. Alipokuwa akisoma katika Chuo Kikuu cha Oxford, alikuta jina Earendel katika utenzi mmoja wa Kiingereza cha kale. Wataalamu wengi hulifasiri jina hilo kuwa nyota ya alfajiri. Lilimvutia sana, hata mwaka 1914 akatunga shairi juu ya baharia wa jina hilo asafiriye angani. Kutoka shina hilo zilikua habari nyingi za vitabu vyake, The Lord of the Rings, kilichotolewa mwaka 1954 na 1955, na The Silmarillion, kilichotolewa mwaka 1977, baada ya yeye kufa.

Hadithi yenyewe kwa ufupi ni hii. Eärendil alikuwa nahodha. Baba yake binadamu, mama yake wa taifa la wasiokufa. Mataifa hayo mawili yalikuwa yakiangamizwa na adui mmoja. Eärendil akatweka tanga, akavuka bahari iliyokatazwa, akaenda kuwaombea wote msaada kwa Wakuu wa Magharibi. Ombi likakubaliwa, lakini yeye hakuruhusiwa kurudi kwa watu wake. Chombo chake kikainuliwa mbinguni, naye akawa akisafiri humo na johari ing'aayo kipajini. Watu waliobaki katika dhiki walipoiona nuru hiyo mpya, waliiita nyota ya tumaini. Miaka mingi baadaye msafiri mdogo aitwaye Frodo alipewa kichupa chenye nuru ya nyota hiyo, nacho kilimfaa alipokuwa gizani katika mapango ya buibui mkubwa.

Sasa tazameni ustadi wake. Tolkien asema kwamba chombo cha Eärendil huonekana zaidi wakati wa mapambazuko na wakati wa machweo. Hiyo hasa ndiyo tabia ya Zuhura. Zuhura ni sayari, na njia yake ya kulizunguka jua imo ndani ya njia ya dunia yetu. Kwa hiyo sisi tulio duniani hatuioni mbali na jua. Haizidi pembe ya nyuzi 47 hivi. Mtu akikesha hapa kwetu hata usiku wa manane, hataiona. Mwanafunzi asomaye hadithi hii kwa makini atauliza, "Mbona nahodha huyu haonekani katikati ya usiku?" Akishauliza hivyo, amekwisha kuingia katika somo la jiografia bila kusukumwa.

Tena, nyota hii ina thamani kwa sababu ililipiwa. Nuru ile ni ya mtu aliyewapatia wenzake msaada, naye mwenyewe akakosa kurudi kwao. Twaandika insha nyingi zenye nyota nyekundu za balaa na miezi mitatu mbinguni, lakini hakuna mtu chini yake aliyepoteza kitu. Nyota ya namna hiyo msomaji huisahau mara afungapo kitabu.

Wataalamu wa elimu ya nyota nao hawakulidharau jina hili. Mwaka 1922 haikuwezekana hata kuota jambo hili, lakini mwaka 2022 walitangaza kwamba kwa darubini ya Hubble wameona nuru iliyosafiri miaka bilioni 12.9 hata kutufikia. Walitafuta jina la kuiita, wakachagua Earendel.

Mzazi atasema, "Mtihani hauulizi habari za Eärendil." Ni kweli. Na mwanafunzi atakayeandika katika mtihani kwamba Zuhura ni jahazi, apewe sifuri yake, wala asilalamike. Hadithi ina mahali pake na elimu ina mahali pake. Lakini ajuaye kuzitenga hapaswi kunyimwa mojawapo.

Liko jambo jingine kubwa zaidi. Tolkien aliweza kuliona neno Earendel kwa sababu mtu alilinakili kitabuni miaka elfu moja hivi iliyopita. Lisingaliandikwa, lingalipotea. Sisi tunalo jina Zuhura. Tunalo Kilimia, kundi la nyota ambalo jina lake latokana na kulima, na wazee wakasema, "Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua." Lakini je, ni wangapi kati yetu wawezao kukionyesha Kilimia kwa kidole? Na majina ya nyota katika lugha za nyumbani kwetu, nani ameyaandika?

Kwa hiyo naomba mambo mawili. Walimu na wazazi wasituondolee vitabu vya hadithi mikononi, maadamu kazi ya darasani imekwisha. Nasi wanafunzi, tukienda likizo, tuketi na babu na bibi zetu jioni, tuwaulize majina ya nyota na habari zake, tuyaandike katika madaftari na kuyaleta kwa mhariri wa gazeti hili. Wazee hao hawatakuwa nasi siku zote.