Penzi la Yasmin na Sheria Yetu ya Ndoa

Wapo wanaoitazama filamu ya Vuta N'kuvute kama hadithi ya mapenzi tu. Wanaipunja. Filamu hiyo, iliyoongozwa na Amil Shivji na kuoneshwa kwa mara ya kwanza mwaka 2021, imetokana na riwaya ya Adam Shafi ya mwaka 1999. Ni Zanzibar ya miaka ya 1950, chini ya mkoloni. Yasmin, binti wa Kihindi, ameozwa kwa Bwana Raza, mwanamume wa umri wa kumzaa. Anaikimbia ndoa, jamaa zake wanamkana, Mwajuma wa Ng'ambo anampokea, na hatimaye anampenda Denge, mpigania uhuru.

Katika riwaya, Yasmin anaozwa akiwa na miaka 15. Umri huo tunaujua. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, inayotumika Tanzania Bara, iliuweka katika kifungu cha 13 kuwa umri wa chini wa msichana kuolewa, ilhali mvulana alitakiwa atimize miaka 18. Kifungu cha 16 kinadai ridhaa ya hiari ya wote wawili. Kifungu cha 17 kinamtaka binti aliye chini ya miaka 18 apate kwanza idhini ya baba. Nauliza: ikiwa sheria yenyewe inamwona mdogo mno kujiamulia, hiyo ridhaa yake ina uzito gani?

Mwaka 2016 Mahakama Kuu, katika shauri la Rebeca Gyumi, ilitamka kuwa vifungu vya 13 na 17 vinakiuka Katiba. Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani iliafiki. Serikali ilipewa mwaka mmoja kurekebisha sheria. Mwaka huo ulipita bila marekebisho.

Nikiwa hapa Utemini, katika mkoa ambao ng'ombe na mahari vimezoeana tangu enzi za mababu, najua hoja ya wazee: mzazi huona mbali. Sipingi. Shauri la mzazi ni hazina, na penzi la ujana huweza kupotosha. Lakini shauri hutolewa kwa mtu mwenye uwezo wa kulikataa. Asipokuwa nao, hilo si shauri tena, ni amri.

Denge alipigania haki ya nchi kujiamulia. Yasmin alidai haki hiyohiyo nyumbani kwake. Ya kwanza tuliipata na tunaisherehekea kila mwaka. Ya pili inangoja Bunge, na wanafunzi, wanaharakati na watumishi wa umma tuna wajibu wa kulikumbusha.