Yule Kijana wa Kompyuta

Wadau, kuna jamaa yangu mmoja hapa Dodoma anahariri picha, za habari na za filamu. Majuzi kwenye harusi mjomba wake akamtambulisha kwa wageni: "Huyu yuko kwenye mambo ya kompyuta." Jamaa akacheka tu. Mimi ndiye niliyeumia.

Hivi kweli sisi watu wa Dodoma ndio wa kuidharau kazi hii? Kumbukeni Januari 27, 2016. Nape Nnauye, Waziri wa Habari wakati ule, alitangaza bungeni kwamba TBC itaacha kurusha Bunge moja kwa moja, sababu ikiwa gharama. Badala yake vikao virekodiwe, vihaririwe, tuonyeshwe usiku. Siku hiyo hiyo wapinzani walipinga kwa kelele mpaka polisi wakaingia ukumbini kuwatoa. Sasa weka pembeni CCM na UKAWA, utabaki na swali moja: nani anakata, na anakata wapi?

Kikao kinaanza saa 3 asubuhi, kinaweza kufika usiku. Anayekibana kiwe kipindi kifupi anatupa kingi kuliko anachobakiza. Na alichotupa, kwa mama aliyekaa mbele ya TV kule Kondoa au Mpwapwa, hakikusemwa kabisa.

Halafu si suala la kutupa tu. Karibu miaka 100 iliyopita Mrusi mmoja, Lev Kuleshov, alichukua picha ya uso wa mwigizaji, uso mkavu tu, akaiunganisha na bakuli la supu, halafu na jeneza. Watazamaji wakaona njaa, kisha wakaona huzuni. Uso ulikuwa uleule! Haya, mchukue mheshimiwa aliyepiga miayo saa 6 mchana, mbandike mara tu baada ya swali la shida ya maji jimboni. Umemmaliza. Kila picha ni ya kweli, na bado umedanganya.

Ndiyo maana nabishana na wanaosema kuhariri ni kujua programu. Programu mtu anajifunza kwa miezi michache. Kujua kwamba hapa pakate, hapa paache mtu anyamaze sekunde tatu zaidi, hiyo ni akili ya mwandishi wa habari na ya msimulia hadithi kwa pamoja. Thelma Schoonmaker ana Oscar tatu za uhariri, zote kwa filamu za Martin Scorsese, ya kwanza ikiwa Raging Bull ya 1980. Sijui kama naye ana mjomba.

Kwetu mambo ni mengine. Kijana anashika kamera mchana, usiku anakata, asubuhi anaulizwa kwa nini kazi imechelewa. Malipo ni ya kipande, tena kwa mafungu. Hilo la pesa mnalijua, sina haja ya kulirefusha.

Linalonisumbua zaidi ni jina. Ripota akimaliza habari anajitaja, "mimi ni fulani, Dodoma." Akiharibu tunajua wa kumlaumu. Mhariri wa picha hatajwi, kwa hiyo hapati sifa wala lawama, na mtu asiyetajwa ni rahisi sana kusimamiwa nyuma ya kiti chake na kuambiwa "toa hiyo." Atakataa kwa kulinda kitu gani? Mimi naona kila habari na kila filamu ionyeshe jina la aliyekata, herufi zinazosomeka, si zile zinazokimbia mwishoni kama basi la mkoani.

Nilimwambia jamaa wazo hili tukiwa tunakula chipsi. Nilidhani atafurahi. Akakaa kimya, kisha akasema: "Jina langu lingekuwepo, kuna vipande viwili vitatu nisingevitoa." Sikumwuliza ni vipi. Akaangalia saa, akarudi kazini.