Ndugu wakigombana, mgeni ndiye anaamua

Mwili uko chuo ila akili iko nyumbani Tunduma. Mzee katutoka mwezi uliopita, na duka lake hakusema anamwachia nani. Kaka zangu hawasalimiani, mmoja keshatafuta wakili.

Juzi darasani tukafika Zanzibar. Seyyid Said alifia baharini Oktoba 1856. Majid akashika Unguja, Thuwaini Oman, naye Thuwaini akaitaka na Unguja. Barghash naye akaasi 1859, akapelekwa Bombay. Sasa nani aliamua? Lord Canning, mtawala wa Kiingereza kule India! Mwaka 1861 akaigawa dola vipande viwili, Unguja ikawa iilipe Oman riale 40,000 kila mwaka. Hadi 1896, Khalid bin Barghash kujitawaza bila ruhusa ya Waingereza, mizinga ikalia. Haikufika saa moja, wakamweka Hamoud.

Tunamlaumu mkoloni, na ni haki yetu. Lakini mlango alifunguliwa na ndugu wenyewe. Wazee, semeni mngali hai, mbele ya watoto wote. Na sisi tuliobaki tukae kikao kwanza, maana wakili ndiye Canning wetu. Ijumaa napanda basi. Niombeeni.