Kesi za Kweli Ndani ya Senema

Leo nawasimulieni habari za Bwana Jürgen Roland, Mjerumani wa mji wa Hamburg, aliyezaliwa mwaka 1925 na kufariki mwaka 2007. Alianza kazi katika redio, kisha akaingia katika televisheni.

Mwaka 1958 alianza kutoa senema zilizoitwa Stahlnetz, maana yake Wavu wa Chuma. Mwandishi wake alikuwa Bwana Wolfgang Menge, na mfano waliupata Marekani, katika senema za Dragnet. Kazi hiyo iliendelea mpaka mwaka 1968, jumla senema 22. Habari zake zilitoka katika majalada ya polisi. Mwanzoni watazamaji waliambiwa kwamba kesi hiyo ni ya kweli, ila majina yamebadilishwa ili kuwalinda mashahidi na watu wasio na hatia.

Tena polisi wake hawakuwa mashujaa wa kuruka madirishani. Walibisha hodi nyumba hata nyumba, wakauliza swali lile lile, wakachoka. Mimi nalipenda sana jambo hilo, maana ndivyo wezi wanavyokamatwa kweli.

Lakini liko neno linalonisumbua. Senema ya kwanza iliitwa Mordfall Oberhausen, yaani Mauaji ya Oberhausen. Loo! Majina ya watu yamefichwa, na mji umetajwa juu kabisa! Basi mama aliyefiwa katika mji kama ule atafanyaje, jirani akifungua televisheni? Matanga yamekwisha, na sasa waigizaji wanamwua mwanawe mara ya pili, watu wakinywa kahawa.

Mwaka 1967 Mjerumani mwingine, Bwana Eduard Zimmermann, alianzisha kipindi cha Aktenzeichen XY. Yeye naye aliigiza mauaji ya kweli, lakini aliwaomba watazamaji wawasaidie polisi kumtafuta mhalifu ambaye hajakamatwa. Hapo naona mfiwa ana sababu ya kuvumilia: labda mtu mmoja atakumbuka sura au gari. Katika kesi iliyokwisha, mfiwa anavumilia kwa faida ya nani?

Bwana Roland hakuwaacha polisi wake. Mwaka 1986 alianzisha senema za Großstadtrevier, za kituo cha polisi mjini Hamburg. Safari hii visa vilitungwa, na hakuna mama aliyelazimika kutoka chumbani.