Kiti cha Naibu Chansela na Mlango wa Mahakama

Mzazi anapomsindikiza mwanawe siku ya kwanza katika chuo kikuu, kwa kawaida hajui ni nani aketiye katika ofisi ya Naibu Chansela. Hulijua jina hilo mambo yanapoharibika: mahafali yanapoahirishwa, wahadhiri wanapogoma, au inaposikika kwamba chuo kina watu wawili wanaodai kiti kimoja. Nchini Kenya, uteuzi wa viongozi wa vyuo vikuu vya umma umefikishwa mahakamani mara kwa mara. Yafaa sisi waamini, ambao watoto wetu wamo katika vyuo hivyo, tuelewe chanzo cha mashauri haya.

Kwa miaka mingi hapakuwa na ubishi wa wazi. Rais wa nchi ndiye aliyekuwa Chansela wa vyuo vyote vya umma, na ndiye aliyewateua Manaibu Chansela. Aliyeteuliwa alijua ni nani wa kumtii. Aliyeachwa hakuwa na mahali pa kulalamikia. Mwaka 2003 Rais Mwai Kibaki aliuachia wadhifa huo, akamteua Joe Wanjui kuwa Chansela wa Chuo Kikuu cha Nairobi. Kisha ikaja Katiba ya 2010. Kifungu cha 232 chataka uteuzi katika utumishi wa umma ujengwe juu ya ushindani wa haki na ustahili. Kifungu cha 47 champa kila mtu haki ya kutendewa na vyombo vya utawala kwa njia halali na ya haki. Tangu hapo, mteule aliyeonewa ana mahali pa kubisha hodi.

Mfano ulio wazi ni ule wa Januari 2020. Baada ya usaili uliofanywa na Tume ya Utumishi wa Umma, Profesa Stephen Kiama alitangazwa kuwa Naibu Chansela wa Chuo Kikuu cha Nairobi. Kabla mwezi huo haujaisha, Waziri wa Elimu wa wakati huo, Profesa George Magoha, ambaye mwenyewe aliwahi kukiongoza chuo hicho, aliutengua uteuzi huo, akalivunja Baraza la Chuo, na mtu mwingine akawekwa kukaimu. Profesa Kiama alikwenda katika mahakama inayoshughulikia masuala ya ajira na kazi, nayo ikasimamisha utenguzi huo. Hatimaye alibaki kitini na kukiongoza chuo.

Tukitazama kwa makini, shauri hilo halikuhusu sifa za msomi fulani. Swali lilikuwa: neno la mwisho ni la nani? Tume imesaili, Baraza limetangaza, Waziri ametengua. Mikono mitatu imeshika kiti kimoja, na kila mmoja unaamini kwamba sheria iko upande wake. Pasipo mipaka iliyo wazi, mahakama hugeuka kuwa hatua ya mwisho ya usaili, kazi ambayo haikuundiwa.

Wapo wanaosema kwamba kesi hizi zinavuruga masomo, na kwamba wasomi wangepaswa kuyamaliza nyumbani. Hoja hiyo ina uzito, kwa maana chuo chenye uongozi unaobishaniwa huchelewa kuamua, na anayeumia ni mwanafunzi. Hata hivyo tukumbuke njia nyingine ilivyo. Mwaka 2016, Profesa Laban Ayiro alipoteuliwa kukaimu uongozi wa Chuo Kikuu cha Moi, viongozi wa kisiasa wa eneo hilo waliandamana hadi chuoni wakimtaka mtu wa kwao. Kati ya jaji anayesoma sheria na umati unaouliza kabila la mteule, mwenye busara atamchagua jaji.

Mafundisho ya jamii ya Kanisa yanatupatia hapa kipimo chema, nacho ni kanuni ya auni, iliyofafanuliwa na Papa Pius XI mwaka 1931: mamlaka ya juu yasinyakue kazi ambayo chombo cha chini chaweza kuitenda vema. Serikali inavigharimia vyuo kwa fedha za wananchi, kwa hiyo ina haki ya kudai hesabu na kusimamia sheria. Lakini Baraza linaloweza kuvunjwa mara tu linapoamua lisilopendeza haliwezi kuitwa baraza.

Basi tiba iko wapi? Wabunge waandike sheria isiyoacha shaka juu ya nani anasaili, nani anateua, na kwa sababu zipi uteuzi waweza kutenguliwa. Matokeo ya usaili yatangazwe. Hukumu ikitolewa, itiiwe na mkubwa kama inavyotiiwa na mdogo. Asiyeridhika akate rufani.

Na sisi tusijitoe lawamani. Uteuzi unapotangazwa, swali la kwanza katika mazungumzo yetu, hata nje ya mlango wa kanisa baada ya Misa, mara nyingi huwa: "Ni wa wapi huyo?" Tukiendelea kuuliza hivyo, tusishangae wanasiasa wakitujibu kwa lugha hiyo hiyo. Tuulize badala yake alipatikana kwa njia gani, na kama njia hiyo ingemfaa pia mtoto wa jirani asiye na mjomba serikalini. Mwanafunzi aliye darasani leo anajifunza mengi kwa kutazama jinsi mkuu wake alivyokifikia kiti.